Kardinali Lavigerie, na Njia Iliyotoka Nchi Takatifu Hadi Afrika Yetu

Padri mgeni atakayekifungua kijitabu hiki cha yubile anaweza kushangaa. Parokia yetu ya Vuhovi, pamoja na jimbo zima la Butembo-Beni, haikupandwa na Mapadri Weupe. Waliotangulia kuleta Evanjili upande wa Beni, mwanzoni mwa karne ya 20, walikuwa Mapadri wa Moyo Mtakatifu wa Yezu waliotoka Stanley Falls. Na tangu mwaka wa 1929 kazi hiyo ilishikwa na Mapadri Waasumpsionisti. Mbona basi tunaandika humu maisha ya Kardinali Charles Lavigerie, ambaye hakukanyaga kamwe udongo wa Kongo, na ambaye wana wake walipita mbali na milima yetu?

Jibu letu ni hili. Sisi makatekista tunaishi ndani ya kazi ambayo mtu huyu aliipangia Afrika, hata kama wengi wetu hatukulijua jina lake. Miaka mingi ya kumtayarisha mtu kabla ya ubatizo, mafundisho ya ngazi kwa ngazi, heshima kwa lugha ya nchi, na imani ya kwamba Mwafrika atahubiriwa vema na Mwafrika mwenzake: mambo hayo yalikuwa na chanzo, na chanzo chenyewe tunakiona kule Siria, Lebanoni na Yeruzalemu. Nchi ile ambamo Bwana wetu alizaliwa, akafa, akafufuka, iligusa bara letu kwa njia ambayo watu hawaifikiri sana, yaani kwa kupitia kichwa na moyo wa mwalimu mmoja Mfaransa.

Lavigerie alizaliwa tarehe 31 Oktoba 1825 karibu na mji wa Bayonne, kusini-magharibi ya Ufaransa, si mbali na mpaka wa Uhispania. Baba yake alikuwa mtumishi wa serikali katika duane. Nyumbani hawakusali sana, na waliomfundisha mtoto sala zake za kwanza ni wanawake waliotumika katika nyumba ile. Tunapenda kulitaja jambo hili bila haraka. Mtu ambaye baadaye aliwatuma mamia ya wamisionari alipokea imani kutoka vinywa vya watumishi, watu ambao hakuna aliyewapa cheo cha katekista wala kuwalipa posho kwa kazi hiyo.

Alisoma katika seminari ndogo ya Saint-Nicolas mjini Paris, chini ya Padri Dupanloup aliyejulikana sana wakati ule, kisha katika seminari kubwa ya Saint-Sulpice. Akapewa upadri mwaka wa 1849. Sisi tuliokalia benchi za seminari ndogo tunajua namna masomo yanavyoweza kumvuta kijana akasahau mengine yote. Lavigerie alivutwa na historia ya Ekleziya ya kale. Mwaka wa 1850 alitoa kitabu chake cha udaktari juu ya shule ya kikristu ya Edesa, mji wa Mesopotamia ambao leo uko katika nchi ya Uturuki. Ndiko Mtakatifu Efremu alikofundisha, akiwatungia watu nyimbo za imani kwa Kisiria, lugha yao wenyewe, wala si kwa Kigriki cha wakubwa. Kijana yule wa Bayonne alijifunza kwa karatasi kwamba Ekleziya ilikuwa imekua vizuri mahali ambapo watu walifundishwa polepole na kwa lugha ya mama zao. Tangu mwaka wa 1854 alifundisha historia hiyo katika Chuo cha Sorbonne.

Angebaki mwalimu maisha yake yote kama damu isingemwagika Mashariki. Alikuwa amepewa kuongoza shirika lililosaidia shule za wakristu wa nchi zile, na mwaka wa 1860 habari za kutisha zikafika Paris. Katika milima ya Lebanoni Wadruze waliwashambulia Wamaroni na wakristu wengine. Mwezi wa Julai mauaji yakaingia hata ndani ya Damasko. Maelfu ya watu waliuawa, vijiji vikachomwa, na yatima wakazagaa njiani. Sisi wa Beni na Butembo hatuhitaji kuelezwa neno lile la kuzagaa njiani lina maana gani. Lavigerie akakusanya sadaka katika Ufaransa, na kabla ya mwaka kwisha akasafiri mwenyewe ili kuzigawa kwa mkono wake.

Safari ile ilimbadili. Aliona makanisa yaliyochomwa, akaona wajane wanaogawiwa blanketi na unga, akafungua nyumba za kulelea yatima. Aliona pia jambo ambalo hakulitazamia. Mjini Damasko alikutana na Amiri Abdelkader, yule Mwislamu kutoka Aljeria aliyepigana miaka mingi na Wafaransa hata akashindwa na kupelekwa uhamishoni. Wakati wa mauaji amiri huyo aliwaficha na kuwalinda maelfu ya wakristu pamoja na watu wake wenye silaha, kwa sababu aliona kwamba dini yake inamlazimisha kufanya hivyo. Padri wa Ulaya alisimama mbele ya mtu huyo akiwa na deni la kumshukuru. Alipozeeka, Lavigerie aliihesabu safari ya Siria kuwa njia yake ya Damasko, kama ile ya Mtume Paulo. Hapo ndipo wito wake ulipogeuka kutoka vitabu hadi watu.

Baada ya hapo vyeo vilikuja upesi. Alikaa Roma miaka michache katika Mahakama ya Rota. Mwaka wa 1863 akawekwa kuwa askofu wa Nancy, akiwa na miaka 37 tu. Nancy lilikuwa jimbo tajiri na tulivu, na kila mtu alifikiri kwamba kutoka pale angepanda hadi kwenye majimbo makubwa zaidi ya Ufaransa. Alipoulizwa kama angekubali kwenda Alger, mahali ambapo hakuna askofu wa Ufaransa aliyepatamani, alikubali. Mwaka wa 1867 akashuka bandarini kama Askofu Mkuu.

Alikuta nchi inakufa. Nzige, ukame, kipindupindu, kisha njaa ya mwaka wa 1867 na 1868. Akaokota yatima zaidi ya elfu moja, akawajengea nyumba, na baadaye vijiji. Hapo ugomvi ukazuka kati yake na Gavana Mac-Mahon, kwa sababu serikali iliogopa kwamba Waarabu wangeudhika wakiona watoto wao mikononi mwa mapadri. Lavigerie hakurudi nyuma. Alimwendea Kaisari Napoleon III mwenyewe akapata ruhusa ya kuendelea. Lakini tuseme na upande wa pili: aliwakataza mapadri wake kuwabatiza watoto wale ovyo, isipokuwa wale waliokuwa karibu kufa. Ubatizo wa kununuliwa kwa mkate hakuutaka.

Kwa ajili ya yatima hao alihitaji watu wa kuwatunza. Mwaka wa 1868 akaanzisha shirika la Wamisionari wa Afrika, ambalo watu waliliita Mapadri Weupe kwa sababu ya kanzu zao, na mwaka wa 1869 shirika la masista. Aliwaamuru wavae kanzu nyeupe na joho kama wenyeji, wale chakula cha wenyeji, waseme lugha ya wenyeji, na rozari waivae shingoni. Aliyekuwa mwanafunzi wa Edesa alikuwa sasa anatoa amri.

Macho yake yalitazama kusini, ng'ambo ya jangwa. Mwaka wa 1876 mapadri wake watatu waliuawa katika Sahara wakielekea Timbuktu, na mwaka wa 1881 wakauawa wengine watatu. Njia ya jangwa ilikuwa imefungwa. Lakini wasafiri kama Livingstone, Cameron na Stanley walikuwa wameandika habari za maziwa makubwa, na mfalme Leopoldo II wa Ubelgiji alikuwa amewaita wataalamu Brussels mwaka wa 1876 ili kuzungumza juu ya Afrika ya kati. Mwanzoni mwa mwaka wa 1878 Lavigerie akapeleka Roma barua ndefu, akionyesha kwamba Ekleziya isikawie. Papa Pio IX akafa mwezi wa Februari. Papa Leo XIII akachaguliwa tarehe 20, na tarehe 24 ya mwezi uleule, siku nne tu baadaye, misioni za Afrika ya maziwa zikawekwa mikononi mwa Mapadri Weupe.

Sasa tufike kwenye kiini cha habari yetu. Mwaka uleule wa 1878, ambao msafara wa kwanza uliondoka kuelekea kwetu, Lavigerie alipokea pia kanisa la Mtakatifu Anna katika Yeruzalemu. Kanisa hilo lilijengwa na Wapiganaji wa Msalaba katika karne ya 12, mahali ambapo mapokeo ya kale yanasema kwamba Bikira Maria alizaliwa. Baada ya Yeruzalemu kurudi mikononi mwa Waislamu, Sultani Salahadini aliligeuza kuwa shule ya Korani. Na mwaka wa 1856, baada ya vita ya Krimea, Sultani wa Uturuki alilitoa zawadi kwa Ufaransa. Kando yake ndipo ilipo ile birika yenye matao matano ambayo Yohane ameiandika, ambapo Yezu alimponya mgonjwa wa miaka 38. Mabaki yake yalifukuliwa na kuonekana hapohapo kwenye kiwanja cha Mapadri Weupe. Kwa hiyo shirika moja, changa, lenye miaka 10 tu, lilishika mwaka mmoja ncha mbili za kamba: moja Yeruzalemu, nyingine Tanganika na Nyanza.

Mtu atasema kwamba miaka ilikutana tu. Sisi hatufikiri hivyo, kwa sababu amri alizozitoa Lavigerie kwa ncha zote mbili zilifanana. Mwaka wa 1882 alifungua katika Mtakatifu Anna seminari ya kuwatayarisha mapadri wa Wagriki Wamelkiti. Wakati ule Walatini wengi walioishi Mashariki walipenda kuwavuta wakristu wa huko waache ibada zao na kufuata ya Roma. Lavigerie aliwakataza wana wake. Vijana wale wabaki Wamelkiti, wasali kwa ibada ya mababu zao, wavae na kula kama watu wao, na mwisho warudi kwao kuongoza Ekleziya yao. Badili tu majina ya nchi, na utaona maagizo aliyowapa waliokwenda Afrika: tutamgeuza Mwafrika kuwa mtume wa Waafrika, wala hatutamgeuza kuwa Mzungu. Wapo waliosema kwamba hayo ni maneno ya baraza tu. Wajue kwamba Padri Stefano Kaoze, Mkongomani wa kwanza kupewa upadri, mwaka wa 1917, alitoka katika misioni za Mapadri Weupe upande wa Tanganika.

Na ukatekumeni. Hapa sisi makatekista tunaomba ruhusa tukae kidogo. Katika karne ya 4 Mtakatifu Sirili, askofu wa Yeruzalemu, aliwafundisha watu wazima waliojitayarisha kwa Pasaka, akieleza Kanuni ya Imani kipande kwa kipande, karibu kabisa na mahali pa Msalaba na Kaburi. Siri za misa na sakramenti hakuzieleza mpaka watu walipokuwa wamebatizwa. Ekleziya ya kwanza haikuwa na haraka. Baadaye, mataifa mazima yalipoingia kwa kufuata wafalme wao, desturi ile ilififia. Na katika nchi nyingi za misioni watu walibatizwa baada ya mafundisho ya siku chache. Lavigerie, mwalimu wa historia, aliirudisha kutoka kaburini. Mtu akija kuomba dini, awe kwanza mwombaji kwa muda wa miaka 2, akifundishwa juu ya Mungu Muumba na amri zake. Kisha awe mkatekumeni kwa miaka 2 mingine, akifunguliwa siri za Utatu, Umwilisho na Ukombozi. Na mwisho ndipo apewe ubatizo. Miaka 4 kwa jumla. Wengi walilalamika, hata mapadri wake mwenyewe, kwa maana misioni nyingine zilihesabu wabatizwa wengi kwa mwaka na zao zilihesabu wachache. Yeye akashikilia. Mpango huo ukaenea kutoka misioni hadi misioni katika nchi za maziwa makubwa, na Mtaguso wa pili wa Vatikano ulipoamuru ukatekumeni wa watu wazima urudishwe katika Ekleziya nzima, na kitabu chake cha ibada kikatolewa mwaka wa 1972, Afrika ilikuwa na miaka karibu 90 ya kuufanya.

Msafara wa kwanza uliondoka Marseille mwezi wa Aprili 1878, wamisionari 10. Wakafika Zanzibar, wakavuka hadi Bagamoyo ambako Mapadri wa Roho Mtakatifu waliwapokea, wakaanza kutembea pamoja na wapagazi wao. Padri Pascal, aliyewekwa kuwa mkubwa wa msafara wa Tanganika, alikufa kwa homa njiani mwezi wa Agosti. Tabora wakagawanyika. Sehemu moja ikafika Ujiji mwezi wa Januari 1879. Ya pili ikaelekea Nyanza, na mwezi wa Februari mwaka huo Padri Lourdel na Bruda Amans wakafika Uganda kwa Kabaka Mutesa.

Habari za Uganda zinajulikana kwetu, kwa kuwa watu wengi wa parokia zetu walivuka mpaka wa Kasindi kwenda kuhiji Namugongo. Tuongeze neno moja tu. Mwishoni mwa mwaka wa 1882 mapadri walilazimika kuondoka Uganda, wakarudi katikati ya mwaka wa 1885. Katika muda huo wote hapakuwa na padri. Waliowafundisha wenzao walikuwa wakristu wachache na wakatekumeni, na mapadri waliporudi walikuta kundi limekua badala ya kutawanyika. Watu waliotayarishwa polepole walikuwa na mizizi. Yosefu Mukasa aliuawa mwezi wa Novemba 1885. Karoli Lwanga na wenzake wakachomwa moto tarehe 3 Juni 1886, na baadhi yao walibatizwa na Lwanga mwenyewe usiku mmoja kabla ya kukamatwa.

Upande wa Tanganika mambo yalikuwa magumu kwa namna nyingine. Wamisionari watatu waliuawa Rumonge, katika Burundi, mwezi wa Mei 1881. Misioni za Kibanga na Mpala, upande wa Kongo, zilijaa watu waliokimbia biashara ya watumwa, na Kapteni Joubert, aliyekuwa askari wa Papa, alikuja kuwalinda kwa bunduki. Biashara ile ilifika hata bonde la Semliki, kwa mikono ya watu wa Manyema. Hata lugha hii tunayoiandika, Kingwana, ilitembea kwanza katika misafara hiyohiyo ya pembe na minyororo, kabla ya mapadri na makatekista kuifundisha kusema Baba Yetu. Waasumpsionisti walipofika kwetu waliikuta imekwisha kuoshwa.

Barua za wamisionari juu ya watumwa zilimchoma Lavigerie, ambaye tangu mwaka wa 1882 alikuwa Kardinali, na tangu 1884 Askofu Mkuu wa Kartago. Mwaka wa 1888, mzee na mgonjwa, alitumwa na Papa Leo XIII kuiamsha Ulaya. Akahubiri Paris katika Saint-Sulpice, akasema London mbele ya Waprotestanti na Wakatoliki pamoja, akahubiri Brussels katika kanisa la Mtakatifu Gudula siku ya Bikira Maria kupalizwa mbinguni. Vyama vya kupinga utumwa vikaundwa. Mkutano wa mataifa ukakaa Brussels mwaka wa 1889 na 1890, na sheria ya kuzuia biashara ya watumwa ikatiwa sahihi.

Hapa kuna jambo ambalo kijitabu cha yubile kisingefaa kulificha. Mkutano ule ulimpa Leopoldo II haki ya kutoza ushuru wa bidhaa zilizoingia Kongo, ati kwa gharama ya kuwafukuza wafanya biashara wa watumwa. Mfalme alijivika joho la mkombozi, na chini ya joho hilo yakaja mateso ya mpira na mikono iliyokatwa. Lavigerie alikufa kabla ulimwengu haujayajua hayo. Hakuyataka, hilo tunaliamini. Lakini alikuwa amewaamini wafalme kupita kiasi, na aliipenda nchi yake ya Ufaransa kiasi kwamba mara nyingine ni vigumu kujua kama anasema askofu au balozi. Ukali wake pia uliwaumiza wengi waliokaa karibu naye. Tunamheshimu pamoja na hayo, maana aliwatetea watumwa mbele ya wakubwa wakati ambapo wengi walinyamaza.

Tunamtaja pia Adriano Atiman, kijana wa upande wa mto Niger, aliyetekwa akiwa mtoto, akakombolewa na Mapadri Weupe, akapelekwa Malta katika chuo alichokifungua Lavigerie ili Waafrika wajifunze uganga. Mwaka wa 1888 akaondoka kwenda Karema, ng'ambo ya Tanganika, akiwa daktari na katekista, akatibu na kufundisha hapo mpaka alipokufa mwaka wa 1956.

Kardinali Lavigerie alikufa Alger tarehe 26 Novemba 1892, akazikwa Kartago. Mwaka wa 1964 mifupa yake ilihamishwa Roma, katika nyumba kuu ya shirika lake. Mwaka huohuo, mwezi wa Januari, Papa Paulo VI alikwenda kuhiji Yeruzalemu. Tarehe 18 Oktoba akawatangaza watakatifu wale wafia dini 22 wa Uganda. Na tarehe 1 Desemba, Isiro, katika Kongo yetu, wakati wa vita ya Wasimba, Sista Anuarite Nengapeta, binti wa nchi hii, aliuawa kwa sababu ya nadhiri yake.